Pale Ulipotuunganisha

Waliokaa mbele wanasema hawakusikia kitu. Waliokaa nyuma, karibu na gari la sinema, wanasema walisikia wanawake wakivuta pumzi kwa pamoja, kama watu waliomwagiwa maji ya baridi mgongoni. Wote wanakubaliana jambo moja: mzee Amoni aliinuka kwenye kiti chake cha heshima, akajifunika uso kwa kofia, akakatiza uwanja wa shule mbele ya ule mwanga. Kivuli chake kikapita juu ya kitambaa, kikubwa kama cha jitu, kikawafunika wote waliokuwa kwenye picha, na yeye mwenyewe akiwemo.

Ilikuwa Ijumaa ya mwezi wa tano, kagiza kanaingia, mwaka wa pili tangu nyumba za kijiji cha Umoja zipangwe mstari. Watu walikuwa wamekuja hadi kutoka Kiwira, wengine na vigoda vichwani, maana si kila siku mtu anaitwa kwenda kujitazama mwenyewe. Mwanzoni mambo yalikuwa matamu. Akipita kuku kwenye kitambaa, watu wanataja kuku wa nani. Akitokea mtu anachuma chai, wanamwambia anachuma majani makavu, aliyemfundisha nani. Zuber, mwenye sinema yake, alisimama kando ya projekta mikono kifuani, akitabasamu gizani kama bwana harusi.

Upande wa wanawake alikaa Tusekile, mke wa Hezron, kajificha nyuma ya migongo mipana ya wenzake ili mzee Amoni, baba wa mume wake, asimwone. Na si kwamba walikuwa na ugomvi. Kwa Wanyakyusa wa kule, mke wa mwana na baba mkwe hawaonani uso. Mwenyewe mzee alikuwa Mkristo, mzee wa kanisa kabisa, lakini desturi hiyo hakuiacha. Akiwa njiani hukohoa kabla ya kukunja kona. Mkazamwana akisikia huingia kwenye migomba, huchutama, huvuta kanga hadi kidevuni, na mzee hupita akitazama upande mwingine. Hiyo ndiyo heshima yao, na kila mmoja huipa kama anavyotoa salamu. Tusekile alikuwa na miaka minne kwenye ndoa ile. Alijua kikohozi cha mzee, alijua mwendo wake, alijua anapenda ndizi zilizopikwa na maziwa ya mgando. Uso wake hakuujua.

Kwa hiyo hata kwenye sinema alijitunza. Kila mzee alipotokea, Tusekile alishusha kanga, na jirani yake akawa anamwambia kwa kunong'ona: yupo, yupo bado, haya kapita, fungua. Wanawake wakawa wanacheka.

Ndipo ikafika ile picha. Mzee Amoni akajaa kwenye kitambaa, akainua kichwa taratibu, akatabasamu mpaka mapengo yakaonekana. Papo hapo akaja Tusekile, amepiga magoti, naye akainua uso, akatabasamu, akaweka bakuli chini. Na ile sauti ya msimulizi wa sinema, mtu wa Dar es Salaam, ikasema, nzito na tamu: "Katika kijiji cha Umoja, baba na mkwe hula pamoja. Uzio umeondoka."

Jirani alikuwa ameshasema fungua. Tusekile akafungua, akajiona mwenyewe, mkubwa kuliko nyumba, anacheka. Kwa nini uwanja mzima umenyamaza, hakujua.

Zuber alikuwa anangoja makofi. Dar es Salaam, sinema ilipofika pale pale, wenzake wa ofisi ya sinema walipiga makofi mpaka mkubwa wao akasimama. Badala yake aliona kivuli kikipita, kisha vigoda vikiinuliwa, kimoja kimoja, kisha vyote. Simon, dereva wa gari la sinema, akamwuliza kama azime. Zuber akasema asizime. Zile dakika kumi zilizobaki, sinema ilijionyesha yenyewe kwa uwanja mtupu na mbwa wawili.

*

Tukuyu habari haipandi basi. Ukipiga chafya sokoni, Kawetele wanakuitikia. Kesho yake asubuhi Zuber alipotoka chumbani, nyumbani kwa mama yake, wale wanawake wanaokuja kila siku kununua maandazi na kuyala pale pale na umbea walinyamaza wote, kila mmoja akatafuta sukari kwenye kikombe chake. Mama yake, Mwantum, mjane aliyejulikana mji mzima kwa mlango usiofungwa na mdomo usiofungwa, siku hiyo aliufunga mlango.

Alimwuliza alizaliwa wapi. Kama si hapa hapa, nyumba ya tatu kutoka msikitini. Kama si yeye aliyekuwa anachapwa kwa kuwacheka wanawake waliochutama kwenye migomba.

Zuber akajitetea, na kwa kweli utetezi alikuwa nao. Mwezi wa kumi na mbili, alipokuja kupiga picha, hakuwahi kuwakutanisha. Mzee alimpiga picha Jumanne, kwenye banda, akimwangalia ndama wake mpya. Tusekile alimpiga Alhamisi, upande wa pili wa uzio wa matete, akimpelekea mumewe chakula. Hata yeye mwenyewe alijifunza kukohoa kabla ya kukunja kona na kamera yake begani, watu wakampenda kwa hilo. Mzee Amoni alipokuwa anasitasita, Zuber ndiye aliyemtoa wasiwasi. Akimwita tata, baba kwa Kinyakyusa, alimwambia kamera haisemi uongo, itaonyesha kilichopo tu. Mzee akalirudia neno lile kwa wenzake kwenye pombe, wakalizoea, likawa kama methali ya kijiji.

"Basi ndiyo hiyo imesema," mama yake akamwambia.

Jinsi ilivyotokea haikuwa na ubaya wowote, na hilo ndilo lililomchoma. Alikaa miezi miwili Dar es Salaam kwenye meza ya kukatia filamu, feni juu, mikanda imening'inia mbele yake kama nguo za kufuliwa. Ofisini walikuwa wamesema ule uzio wa matete unaonyesha utengano, autoe. Akautoa. Ulipotoka, kukabaki pengo. Akahitaji uso wa kuziba. Akajaribu huu, akajaribu ule, mpaka tabasamu la mzee likakaa kwenye tabasamu la Tusekile kama kifuniko na chungu chake. Alikata, akapaka gundi, akabana, akafurahi. Mezani pale hapakuwa na mkwe wala baba mkwe. Palikuwa na vipande. Uso aliouzoea kwa miezi miwili ulikuwa umeshasahau ni wa nani.

*

Alipofika Umoja, alikuta uzio wa matete upo palepale, kati ya nyumba ya kumi na moja na ya kumi na mbili. Yule bwana aliyekuja kupima viwanja alifuata orodha, jina baada ya jina. Baba akaangukia kando ya mwanawe. Zamani hilo lisingewezekana, vijana walijenga mbali na baba zao kwa ajili hiyo hiyo ya wakwe. Lakini orodha ni orodha. Familia ikakata matete, ikatoboa njia mbili za kwenda mtoni, ikaishi.

Sasa nyumba ya kumi na mbili, ya mzee, ilikuwa imefungwa kwa kamba. Mzee Amoni alikuwa amehama usiku ule ule, amerudi kwenye kiwanja chake cha zamani juu mlimani, kwenye kibanda cha kuhifadhia majembe, kwa sababu hawezi kulala hatua kumi na tano kutoka kwa mkazamwana aliyemcheka machoni mbele ya watu. Na Tusekile alikuwa amerudishwa kwao Kisondela. Kaka yake alikuja na baiskeli, wakafunga godoro nyuma, yeye akafuata kwa miguu. Wazee walisema akae huko mpaka macho yaoshwe, tambiko la kufuta kuonana huko. Mtoto, kabinti ka miaka miwili, alibaki na bibi yake Veronika, mke wa mzee, na kilio chake ndicho kilichompokea Zuber uani.

Hezron alikuwa anajipikia. Mwanamume mzima, anapuliza moto wa kuni mbichi, machozi yanamtoka, na majirani wanapita polepole ili waone vizuri. Alimkaribisha Zuber kigoda. Alimwambia hana kinyongo, sinema ni kazi kama kazi nyingine. Akageuza ndizi kwenye chungu, akageuza tena.

"Ila kitu kimoja, Ndugu Zuber. Ile bakuli aliniletea mimi. Mimi ndiye nilikuwa nimekaa pale, umenipiga picha nikanawa mikono. Ukanitoa mimi, ukamweka baba."

Zuber akasukumia kuni moja motoni.

"Umenitoa kwenye nyumba yangu," Hezron akasema, bila hasira, kama mtu anayemwelekeza mgeni njia. "Haya, panda mlimani ukaseme naye. Kohoa kabla ya kufika."

Kule juu ukungu ulikuwa umekaa chini kabisa. Zuber alikohoa, na kutoka kwenye kibanda alijibiwa na kikohozi kingine, kirefu, chenye makamasi, kisicho cha salamu. Mzee Amoni alikuwa amejifunika blanketi, amekaa kwenye mlango usio na mlango. Ndama alifungwa kando yake. Alikuwa amekuja naye. Mbuzi na vingine vyote kaviacha huko chini.

Alimsalimu vizuri, ndaga, akamwuliza hali ya mama yake. Kisha Zuber akaeleza. Alieleza yote: Jumanne, Alhamisi, wembe, gundi. Mzee alisikiliza kwa makini kama mtu anayefundishwa kuunga mpini.

"Kwa hiyo ile ni kushona," mzee akasema.

"Ni kushona, tata."

"Mimi nilikuwa namcheka huyu." Akamwonyesha ndama.

"Ulikuwa unamcheka huyo."

"Hilo nalijua. Mimi sikumwona binti, na binti hakuniona. Mungu anajua, na wewe unajua, tumekuwa watatu." Akakohoa mpaka blanketi likadondoka, akaliokota mwenyewe. "Lakini pale uwanjani walikuwa watu mia tatu. Uliwaambia kamela haisemi uongo. Nani atawatoa hilo?"

Akampangia kazi. Zuber arudishe gari pale pale, kitambaa kile kile, watu wale wale. Sinema ianze. Ikifika pale, aisimamishe, aseme kwa mdomo wake mbele ya wote: hapa nimeshona mimi, hawa hawakuonana. Baada ya hapo yeye mzee atamtoa huyu ndama apelekwe Kisondela. Kwa desturi mnyama wa kuosha macho hutoka upande wa mwanamke, lakini safari hii kosa si lao, atatoka kwake. Tusekile atarudi, uzio utaongezwa matete, mambo yataisha.

"Ila mapema," mzee akasema. "Mtoto analia sana. Namsikia mpaka huku."

Zuber alisema Jumamosi. Mzee akamwuliza Jumamosi ipi. Akasema hii hii inayokuja.

*

Hapo ndipo ungetegemea hadithi iishe vizuri, na Zuber naye alishuka mlimani akitegemea hivyo. Alitaka kitu kimoja tu, ruhusa.

Simon alisema gari ni la serikali na haligeuzi hata tairi bila karatasi; yeye ana watoto. Mwenyekiti wa kijiji, Nsajigwa, alisema jambo lenyewe ni dogo, la kifamilia, lakini kusimama mbele ya wananchi na kusema sinema ya kijiji ni ya kushonwa, hilo si la kifamilia tena. Wageni wa mkoa walikuwa wameahidi kuja kuona hicho kijiji kisicho na uzio. Halafu akaongeza kwamba mzee Amoni hawezi kuendelea kukaa nje ya mstari; akifika mtu wa wilaya atasema nini? Alisema ametuma mtu kumweleza hivyo mzee, kwa heshima.

Jumatano Zuber alikaa posta ya Tukuyu tangu saa mbili akingoja laini ya Dar es Salaam. Ilipopatikana ilikuwa saa tisa, na laini yenyewe ilikuwa mbaya, ikabidi apige kelele. Watu waliokuja kununua stempu waliacha kununua. Kwa hiyo Tukuyu nzima ilimsikia mtu mzima aliyesoma akipiga kelele kwamba mkazamwana hakumwona baba mkwe, hapana, HAKUMWONA, na karani wa posta akitikisa kichwa kwa huruma. Mkubwa wake alimwuliza kama anaumwa. Filamu ilikuwa imeshachaguliwa kuonyeshwa Sabasaba. Filamu zote hushonwa, mkubwa akasema, na hakuna anayetembea nchi nzima kuomba radhi kwa gundi. Asiiguse. Angoje barua.

Ni hapo. Ukimwuliza Zuber leo atakwambia ni hapo, mahali alipomwambia mkubwa wake ndiyo mzee na kurudisha simu. Angeweza kwenda Jumamosi bila gari, bila kitambaa, asimame uwanjani na mdomo wake. Mzee hakuomba projekta, aliomba kusikiwa. Lakini Zuber alikuwa na kazi ambayo vijana wa mji wake walikuwa wanaitaja kwa jina, na mama yake alikuwa na picha yake ukutani ameshika kamera. Alituma mtu wa Umoja apeleke salamu: Jumamosi haitawezekana, iwe ijayo.

Jumamosi ile mvua ilinyesha tangu asubuhi. Wanasema mzee Amoni alishuka hivyo hivyo mpaka uwanjani, kwa sababu salamu zilikuwa hazijamfikia. Alisimama chini ya paa la shule, kikohozi chake kikisikika mpaka barabarani. Alisimama mpaka giza likaingia. Kisha akapanda.

Barua ilifika Alhamisi. Ilikuwa na mistari mitatu, na ule wa kati ulisema hapana. Zuber aliisoma mara mbili mbele ya mama yake, na Mwantum, ambaye siku zote ana neno, alienda akakoroga unga. Alipokwisha kukoroga alisema tu kwamba baba yake Zuber, marehemu Haruni, alikuwa muuza nguo, na akigundua amempimia mtu pungufu alikuwa anafunga duka na kumfuata mtu kwao, hata Kisondela, hata kama ni nusu futi.

Ijumaa jioni Zuber alifungua bati la filamu, akatafuta mahali pale, akakata kwa wembe: nusu hatua ya mkanda, mzee upande mmoja, Tusekile upande wa pili, na katikati ule mstari mnene wa gundi. Akauzungushia karatasi, akautia mfukoni. Alijua amejifukuza kazi. Alilala vizuri kwa mara ya kwanza baada ya wiki mbili.

*

Kesho yake, akienda Umoja, alizisikia ngoma kabla ya kukata kona ya mwisho. Kule Rungwe ukisikia ngoma asubuhi na wanawake wakipokezana sauti, huulizi kuna nini, unauliza nani.

Mzee Amoni alikuwa amefariki alfajiri ya Ijumaa, kifua kimebana. Veronika alikuwa amepanda na uji akamkuta ameegemea ndama. Wakamteremsha kwenye machela ya mianzi, wakamlaza nyumba ya kumi na mbili, ndani ya mstari. Mwenyekiti Nsajigwa aliridhika na hilo, akatoa hotuba. Zuber alipoingia uani, kaburi lilikuwa limeshafunikwa na wanaume walikuwa wananawa udongo.

Hakuna aliyemtukana. Angetukanwa angepona. Walimpisha kwenye mkeka, wakampa pole kama wanavyompa kila mtu. Alijaribu kusema. Aliutoa ule mkanda, akamwonyesha mzee mmoja, akamwonyesha wa pili, akisema hapa, tazameni, hapa nimeshona. Waliupokea kwa mikono miwili, wakauinua kwenye mwanga, wakaona vijipicha kama mbegu za nyanya, wakaona mstari. Wakaelewa kabisa. Wakapeana mpaka ukamfikia Hezron, mikono yake ina udongo mpaka kwenye viwiko. Naye akatazama.

"Kwa hiyo sasa tumejua," Hezron akasema.

Wazee wakamweleza mgeni taratibu, kwa kuwa ni mtu wa mjini. Macho huoshwa na wawili. Mmoja anatoa, mwingine anapokea, wote wako hai. Sasa mmoja yuko chini. Hata wakijua ni gundi, hata wakiapa, hakuna wa kukaa upande ule na kusema nimesafika. Mwanamke ambaye baba mkwe wake amekufa kabla hawajaoshana hawezi kuingia kwenye ule ua, watoto wataumwa. Si kwamba wanataka. Mmoja wao alikuwa analia akisema hivyo. Na Hezron, ambaye alikuwa ameshawaomba asubuhi na wakamkatalia, aliinuka akaenda kumchukua mtoto kwa bibi yake, akambeba mgongoni kwa kanga kama anavyobeba mwanamke, na hakuna aliyethubutu kucheka.

Kisha chakula kikaja. Veronika mwenyewe ndiye aliyemletea Zuber sahani, kwa sababu ametoka mbali. Ndizi, na juu yake kipande cha nyama laini, nyeupe kidogo. Zuber aliangalia kule bandani. Kamba ya ndama ilikuwa imelala chini peke yake.

"Kula, mwanangu," Veronika akamwambia. "Alisema huyu ni wa kumaliza hili jambo. Basi limekwisha."

Akala. Wote walikuwa wanamtazama, akala akamaliza.

*

Jumatatu alitembea mpaka Kisondela. Tusekile alikuwa nyuma ya nyumba ya baba yake, karibu na njia, anamenya ndizi, maganda yanaangukia kwenye ungo. Alikuwa amenyoa nywele. Msibani hakuitwa, amelilia huku huku, peke yake, pamoja na shangazi aliyemshika mkono. Alimkaribisha Zuber kama kawaida, akamwuliza mtoto ameonekanaje. Zuber akasema yuko mgongoni kwa baba yake. Tusekile akaokota ndizi nyingine.

Zuber akaomba radhi. Alikuwa ameipanga njia nzima, ikatoka yote, na ilipotoka aliona ni ndogo. Akautoa mkanda kwenye karatasi, akamnyooshea. Alimwambia humu mna uso wa mzee. Kama anataka, sasa anaweza kuuona, hakuna tena wa kumkataza.

Tusekile aligeuza kichwa haraka, akaangalia migomba.

"Mimi siangalii," akasema. "Nimekaa miaka minne bila kuangalia. Niangalie leo, si nitakuwa nimefanya kile wanachosema nimefanya?"

Zuber akaanza kuukunja.

"Niambie tu wewe. Pale alikuwa anamcheka nani?"

"Ndama."

"Yule mwekundu?" Sauti yake ikafurahi kidogo. "Alikuwa anampenda yule. Nilikuwa namsikia anaongea naye asubuhi." Akafikiri. "Meno alikuwa nayo?"

"Ya mbele mawili hayapo."

"Ndiyo maana mahindi alikuwa anarudisha. Mimi nikadhani siyajui kuyapika." Akacheka, na ghafla akajifuta uso kwa mgongo wa mkono wenye utomvu. "Sasa nisikilize, Ndugu Zuber. Kata pale ulipotuunganisha."

Akampa kisu chake cha kumenyea, bado akiangalia kando. Zuber aliuweka mkanda juu ya jiwe, akakata kwenye mstari wa gundi. Ulikuwa mgumu, ikabidi akandamize. Ulipokatika ulitoa kamlio kadogo kama kijiti kikavu.

"Yeye mrudishe kwake. Mfukie pale miguuni pa kaburi, Hezron atakuonyesha. Mimi nipe."

Alikipokea kipande chake, hakukitazama, akakifunga kwenye pindo la kanga pale wanawake wanapofungia senti. Akarudi kwenye ndizi zake. Zuber akatia kipande cha mzee mfukoni, akasimama, akaaga, akasema atajitahidi kuzungumza tena na wazee. Tusekile akamwambia asante, kama unavyomwambia asante mtoto anayesema akikua atakununulia gari.

Ni hapo mtu akakohoa njiani, nyuma ya kona. Ni mzee tu, mpita njia, na mvua ya siku zile ilikuwa imewakohoza wengi. Lakini kisu kilikuwa kimeshaanguka. Tusekile alikuwa ameshaingia kwenye migomba, amechutama, kanga imefika kidevuni, mgongo umegeukia njia, ametulia kama jiwe la mtoni.

Mzee akapita, akamwamkia Zuber, akaenda zake. Kwenye migomba kanga haikuinuka. Zuber alingoja. Baadaye aliona mabega yakianza kutikisika, akaelewa kwamba amekumbuka mwenye kikohozi chake hayupo tena.

Akageuka akampa mgongo, akasimama hivyo, mikono imening'inia mitupu.